Sikukuu ya Kutoka Getini

Njeri ndiye aliyenisukuma niandike haya. Ni nesi, Mkenya anayeishi Pearland, na tulifanya kazi pamoja miaka mingi katika nyumba moja ya wazee kusini-magharibi mwa Houston, yeye upande wa wagonjwa, mimi jikoni. Siku ya kuniaga alinishika mkono akasema, "Mama Espe, hawa wapya wa jikoni hawajui kitu. Waandikie, hata kurasa mbili tatu."

Nikamwambia shule mimi niliishia darasa la tano, na darasa lenyewe lilikuwa turubai.

"Mimi nimefika chuo kikuu," akasema, "na maharagwe yangu bwanangu huyala kwa imani tu."

Basi naandika, kwenye meza ya binti yangu Esperance hapa Richardson, nilikohamia baada ya kustaafu. Ninyi mnaoanza kazi kule, chukueni mnachoweza. Mkiona nimekosea mahali, huenda nimekosea kweli. Mambo mengi nimeyaweka kichwani tu. Vyeo sitavieleza. Nilipata kimoja, na nilikipata kwa sababu aliyekuwa nacho aliugua. Mshahara nao hauna mengi ya kusemwa.

Sisi ni Warundi. Tulikaa kambini mkoani Kigoma mpaka watoto wakadhani ndiko kwao, kisha tukaletwa Houston, tukapewa nyumba mtaa wa Alief. Kwanza nilifua mashuka hotelini. Halafu mama mmoja wa parokiani akaniambia kuna nyumba ya wazee inatafuta mtu wa kuosha vyombo. Siku ya kwanza nilikwenda na gauni la kanisani, nikarudi nalo likinuka mafuta ya kukaangia, na harufu ile haikutoka tena. Vaeni nguo za kazi.

Mpishi mkuu alikuwa Miss Verlene. Hakuna aliyemwita Verlene tupu, hata meneja. Alikuwa Mmarekani mweusi, mzaliwa wa Galveston, mji wa pwani ya Texas, mrefu, magoti mabovu, na sauti ya mtu aliyezoea kushindana na feni la jiko. Jina langu Leokadia lilimshinda, akalikata nikawa Kadia. Maneno yake nayaandika kwa Kiswahili, lakini alisema Kiingereza, tena cha Texas, na mwaka wa kwanza nilielewa nusu. Nusu nyingine alinielewesha kwa mwiko.

Alinipa kisu na kitunguu. Nikakikata mkononi, hewani, kama tunavyokata kwetu. Akazima feni.

"Hicho kidole gumba, unakipenda?"

"Nakipenda, Miss Verlene."

"Basi kiweke mbali na chakula cha watu."

Nilijifunza ubao wa kukatia siku hiyo. Nilijifunza pia kunoa kisu kabla ya kuanza kazi, siyo baada ya kukikuta kibutu, kwa sababu kisu kibutu huteleza kwenye ngozi ya nyanya kikakujia wewe. Alinifundisha kutazama sahani zinazorudi. Kulikuwa na mzee aliyebakisha chakula cha upande wa kushoto kila siku. Sisi wa jikoni tulisema hapendi mboga. Miss Verlene akaenda mezani, akaizungusha sahani, mzee akala iliyobaki. Kiharusi kilikuwa kimemfutia kuona upande mmoja. Manesi walijua siku zote; hakuna aliyekumbuka kutuambia, na sisi hatukuuliza. Ulizeni.

Halafu kuna unga wa kukazia vinywaji. Wapo wazee ambao maji yanawapalia, ikabidi kila kinywaji kikorogwe na ule unga mpaka kiwe kama uji mwepesi. Usiweke kwa kukisia. Kikiwa chepesi kinampalia, kikiwa kizito hanywi, anakauka. Koroga, ngoja kidogo, kiinue kwa kijiko utazame kinavyodondoka. Nimewahi kukazia kahawa, maziwa, juisi, hata bia ya mzee mmoja siku yake ya kuzaliwa. Aliitazama ile bia kwa kijiko, akanitazama na mimi, akasema ameishi kupita kiasi.

Sasa nifike kwenye Juni, maana ndiyo hasa Njeri alitaka niandike.

Juni ya kwanza nilikuta jikoni kumegeuka kwekundu. Soda nyekundu, matikiti maji, soseji nyekundu, keki nyekundu, na ndoo ya juisi ya yale maua ambayo Tanzania tunayaita rozela. Pentekoste ilikuwa imepita siku chache tu, na padre alikuwa amevaa nyekundu. Nikafikiri hawa Waprotestanti labda huchelewa kidogo. Nikamwendea Miss Verlene nikampa mkono: heri ya Pentekoste.

Aliuangalia mkono wangu. "Roho Mtakatifu anakaribishwa," akasema, "lakini leo siyo sherehe yake. Leo ni Juneteenth. Kaa hapo umenye viazi, nikueleze."

Alinieleza akigeuza mbavu kwenye jiko la moshi pale uani. Nimesikia watu wengi wakiieleza baadaye, wasomi na wasio wasomi, lakini nashika alivyoieleza yeye. Rais alikuwa ametangaza uhuru wa watumwa wa majimbo yaliyoasi, na Texas ilikuwa mojawapo. Ikapita miaka miwili na nusu. Texas ilikuwa mbali, vita ilikuwa kwingine, na watu waliendelea kulima pamba ya wenyewe. Mpaka tarehe kumi na tisa Juni mwaka 1865, jenerali mmoja akaingia Galveston na askari, ikasomwa amri kwamba watumwa wote ni huru. Jina la sikukuu ni mwezi na tarehe vimeunganishwa.

"Mjumbe alichelewa vile?" nikauliza.

"Wengine husema aliuawa njiani. Wengine husema alipanda nyumbu mvivu." Akageuza mbavu. "Bibi yangu hakuamini hata moja. Habari ilikuwepo, Kadia. Wenye mashamba walikuwa nayo mfukoni na pamba ilikuwa shambani. Kilichochelewa ni bunduki za kuwafanya waitoe."

Akanieleza kwamba mwaka uliofuata wale watu wakaanza kuisherehekea, kwa sala, nyimbo, nyama ya moshi na nguo nzuri kuliko zote walizokuwa nazo. Walipokosa mahali pa kukutania kwa sababu viwanja vya mji havikuwa vyao, watu wa Houston waliokuwa watumwa juzi tu walichanga wakanunua uwanja wao, na uwanja huo upo hadi leo. Kuhusu ule wekundu, wako wanaosema ni damu ya waliokufa, na wako wanaosema ni kumbukumbu ya vinywaji vyekundu vya Afrika Magharibi walikotoka babu zao. Mama yake Miss Verlene alisema ni vile tu soda nyekundu ilikuwa tamu kuliko zote. Sijui nani mkweli. Naandika yote.

Adhuhuri tukapeleka chakula ukumbini. Kabla ya kula, Miss Verlene alivua aproni, akasimama mbele, akasoma ile amri. Ni fupi. Mwanzo wake unasema watumwa wote ni huru, na wazee wakaitikia amina. Inafuata kwamba sasa aliyekuwa bwana na aliyekuwa mtumwa wana haki sawa, amina tena. Ila mwisho wake unageuka. Unawashauri walioachiwa huru wakae kimya majumbani walipo na wafanye kazi kwa mshahara. Unawaambia hawataruhusiwa kukusanyika kwenye kambi za jeshi, wala hawatalishwa wakiwa wavivu.

Hapo ndipo ilipokuwa desturi ya nyumba yetu, na sijaiona kwingine. Miss Verlene aliisoma sentensi ile ya kukaa kimya polepole, akaiweka karatasi mezani, na watu wote wakasimama. Hakuna aliyewaambia. Wenye fimbo walichukua fimbo, wenye viti vya magurudumu walisukumwa, wakaelekea mlangoni bila neno.

Sasa mtanicheka. Mimi nilikuwa kwenye mlango wa jikoni, natazama. Nikaona watu wote wanainuka kwa pamoja, kimya, wanatoka. Sikuuliza. Nilikunja taulo mbili, nikainua sufuria la maharagwe kutoka jikoni, nikatoka nalo nyuma yao. Huko nilikotoka, watu wakiinuka hivyo, unabeba chakula, maswali yatafuata njiani. Nilifika getini natokwa jasho, sufuria linafuka moshi, wazee wamesimama kando ya barabara na vikombe vyao vyekundu wanatazama duka la matairi lililokuwa ng'ambo. Hakukuwa na moto. Hakukuwa na askari. Nikasimama na maharagwe yangu.

Miss Verlene alicheka mpaka akashika nguzo ya geti. Halafu akaniangalia usoni, akaacha.

"Ulifikiri tunakimbia."

"Ndiyo, Miss Verlene."

"Na ukabeba sufuria."

"Ndiyo."

Akawageukia wale wazee. "Mmeona? Mtu wa kwanza katika nyumba hii aliyeelewa shughuli yenyewe." Tangu mwaka ule sufuria la maharagwe lilitoka kila Juni, na wapya wakawa wanadhani ni desturi ya tangu Galveston.

Jioni, tukiosha vyombo, nilimuuliza kwa nini getini, hakuna cha kuona pale.

"Hakuna," akasema. "Wale watu waliambiwa wako huru, na kwenye karatasi ile ile wakaambiwa wabaki walipo. Bibi yangu alisema walioisikia waliondoka hivyo hivyo. Wengine hawakwenda mbali, walifika barabarani tu wakarudi kwenye kazi zao. Ila walifika barabarani. Kanisani kwake ikifika sentensi ile watu walitoka nje. Mimi nimeileta hapa."

Nikamweleza habari za kambini. Tanzania ilitupokea hatuna hata viatu, na kwa hilo siwezi kuisema vibaya. Lakini kutoka kambini bila kibali ilikuwa kosa, na kipaza sauti kilipita kikitwambia tukae kimya tusubiri. Niliwahi kuchelewa kuokota kuni, nikakutwa nje ya mpaka, nikalala mahabusu na mtoto mgongoni. Miss Verlene alisikiliza mpaka mwisho, mikono ndani ya maji.

"Basi sentensi hii unaijua," akasema.

Kuanzia hapo kazi ya kushika geti likae wazi akanipa mimi.

Ikapita miaka ya kazi tu. Nikatoka kwenye vyombo nikaingia kwenye supu, nikatoka kwenye supu nikaingia kwenye nyama. Nilijifunza kuwasha jiko la moshi kwa kuni za mwaloni, nikajifunza kwamba mbavu za kumpa mtu asiye na meno huchambuliwa zikasagwa na mchuzi wake mwenyewe, siyo na maji. Msisage na maji. Mtu hata kama hana meno ulimi anao.

Halafu magoti ya Miss Verlene yakakataa, na baada ya magoti moyo. Akastaafu, nikapewa cheo nilichokitaja. Haukupita muda mrefu akarudi, safari hii kwa mlango wa mbele, akiwa na sanduku, kama mmoja wa wazee. Mume alikuwa amekufa, na ndugu pekee ni mpwa aliyeko California. Alipewa chumba kinachotazama uani. Mchana wa kwanza sahani yake ilirudi imejaa, na juu yake kuna kitambaa cha karatasi alichoandika neno moja: chumvi. Nikajua yuko sawa.

Ikaja korona. Geti likafungwa, likawekewa kufuli la namba. Sina neno juu ya hilo. Tulizika wengi, na wangekuwa wengi zaidi. Lakini korona ilipopungua barakoa zilitoka na kufuli likabaki. Katikati ya hayo nyumba ikauzwa kwa kampuni kubwa. Kampuni ikaondoa jiko la moshi, ikabadilisha sare, ikaleta meneja mpya, Bwana Clayton. Namba ya geti ilijulikana mapokezi tu. Sisi wa jikoni tulipita mlango wa nyuma wa wafanyakazi kwa kadi zetu, na ile kadi ikipita mtu mmoja mlango unajifunga.

Mwaka 2021 serikali kuu ikaifanya Juneteenth sikukuu ya nchi nzima. Texas ilikuwa imeshaiweka zamani, lakini sasa ofisi za kampuni zikafungwa siku hiyo, benki zikafungwa, na Espe akanipigia kutoka Richardson akiwa bado kitandani. "Mom, si leo ni holiday? Mbona uko kazini?"

"Wazee hawajaacha kula," nikamwambia.

"But it's literally about freedom, Mom."

Nikamwambia najua inahusu nini, nina viazi jikoni.

Mwaka ule hatukutoka, korona ilikuwa bado. Mwaka uliofuata Miss Verlene akaanza mapema kuniuliza habari za geti. Njeri alikuwa ameniambia pembeni, "Mama Espe, moyo wa huyu mama umechoka sana. Kusema ukweli, sidhani ataiona June ingine." Nadhani Miss Verlene alijua kabla yetu. Aliniambia, "Kadia, mwaka huu nataka kutoka getini. Usiniambie habari za mwakani." Alitaka kitu kimoja hicho tu. Hakutaka keki.

Nikaenda kwa Bwana Clayton. Niseme haki: hakuwa mtu mbaya. Alijua majina ya wazee wote na ya wajukuu wao. Alituletea feni jikoni wakati wenzake kabla yake walituletea maneno. Akanikalisha, akanisikiliza.

"Mama Espe, mwaka jana kwenye nyumba yetu nyingine mzee alianguka nje kwenye joto, akafa. Sasa kundi lolote likitaka kutoka nje ya geti, lazima makao makuu yatoe kibali."

Neno kibali nililijua tangu kambini. Nikamwambia basi omba.

Akaomba, na mimi namwamini kwamba aliomba. Njeri naye akaandika, akajitolea kuja siku yake ya mapumziko, akaahidi manesi, maji, mwavuli kwa kila kiti. Jibu likaja: hapana. Aliye na ndugu anaweza kutolewa na ndugu yake kwa sahihi. Wafanyakazi hawaruhusiwi kumtoa mtu.

Bwana Clayton akaja mwenyewe chumbani kwa Miss Verlene kumwambia. Nilikuwepo, nimeleta chai.

"Nimesikitika kweli," akasema. "Lakini nimepata wazo. Tutaweka geti ukumbini. La maputo mekundu! Watu wote watapita hapo, na picha zitapendeza."

Miss Verlene akaweka kikombe chini. "Geti la maputo."

"Ndiyo, mama."

"Na mtu akishalipita anatokea wapi?"

Bwana Clayton akafikiri. "Kwenye meza ya keki."

Miss Verlene akanigeukia. "Kadia, umesikia? Tumekombolewa mpaka kwenye keki."

Bwana Clayton alipotoka, nilimwambia Miss Verlene yule kijana amejaribu. Akasema anajua amejaribu, na kwamba yule aliyeisoma amri Galveston labda naye alikuwa kijana mwema anayesoma alichopewa.

Siku ikafika. Walikuja wageni kutoka makao makuu na fulana nyekundu zilizoandikwa uhuru kifuani, na mpiga picha. Nyama ilikuja imeshapikwa kwenye trei za foili kutoka kwa mpishi wa nje mwenye mkataba. Mimi nilipasha moto tu. Sikuona aibu sana, maana haikuwa yangu, lakini juisi ya rozela nilitengeneza mwenyewe na wale wa kukaziwa niliwakazia mmoja mmoja. Geti la maputo lilisimama katikati ya ukumbi, na puto moja lilikuwa linashuka.

Miss Verlene alisukumwa mbele akiwa na gauni lake jeupe na kofia. Akasoma ya kwanza, watumwa wote ni huru. Amina. Akasoma ya haki sawa. Amina. Halafu akashusha karatasi. Nikaona mikono ya wazee imeanza kushika fimbo na pande za viti, kwa mazoea tu.

"Bwana Clayton," akaita. "Njoo usome hii iliyobaki."

"Mimi? Miss Verlene, wewe ndiye msomaji wetu."

"Nimesoma miaka mingi maneno ya mtu ambaye hayupo. Leo yupo. Soma."

Wageni wakacheka kidogo, wakadhani ni utani wa wazee. Mpiga picha akasogea. Bwana Clayton akaipokea karatasi akitabasamu, akaanza kusoma kwa sauti nzuri, wazi, kama mtu aliyefundishwa kuhutubia. Alipofika pale pa kukaa kimya majumbani walipo, sauti ikashuka. Akainua macho akatazama mlangoni, akatazama karatasi, akamaliza.

Ukumbi mzima hakuna aliyeinuka. Nilisikia gurudumu la kiti kimoja likilia na kutulia. Njeri alikuwa ukutani ameziba mdomo kwa kiganja. Ndipo wageni wakapiga makofi. Walipiga kwa moyo kabisa, na mmoja alikuwa na machozi. Nimejiuliza mara nyingi kama wangeweza kujua. Sidhani. Hakuna aliyewaeleza, na ilikuwa siku yao ya mapumziko, waliitoa kuja kwetu. Masikio ya Bwana Clayton yalikuwa yameiva kuliko maputo.

Miss Verlene hakupita kwenye lile geti. Aliniomba juisi, akanywa nusu.

"Inataka ndimu," akasema. Hilo ndilo neno lake la mwisho juu ya sikukuu ile. Sahani zake zikaanza kurudi zimejaa, na hakukuwa tena na karatasi ya kuniambia kimepungua nini. Alikufa kabla ya majira ya baridi, asubuhi, wakati wa uji. Gari la mazishi lilipokuja, mapokezi wakabonyeza namba, geti likafunguka lote, likakaa wazi muda mrefu bila mtu yeyote kulishika.

Bwana Clayton alilia mazishini. Halafu akafanya jambo ambalo watu wengi hawafanyi baada ya kulia: akarudi ofisini akapigana. Aliandika barua, alikwenda makao makuu Dallas mara mbili kwa gari lake, akagombana na watu wa bima. Na kibali kikatoka. Aliniletea jikoni mwenyewe, karatasi iliyopigwa muhuri.

"Hii ni kwa ajili ya Miss Verlene," akasema.

Nikamshukuru, na nilimaanisha. Kisha nikaingia kwenye chumba cha baridi nikasimama kati ya masanduku ya saladi mpaka nikaweza kutoka. Kibali kilikuwa kizuri, kilikuwa na kila kitu. Kilichelewa tu.

Juni iliyofuata ilikuwa mwezi wangu wa mwisho kazini. Siku ya sikukuu waliweka koni za rangi ya chungwa barabarani, kamba kando, hema la kivuli, maji ya barafu, mlinzi mwenye redio. Ukutani kulibandikwa maelekezo: nani atamsukuma nani, nani atatangulia, na kwamba kila mtu abaki kwenye kiti chake mpaka ishara itolewe. Siyasemi vibaya. Hakuna mzee aliyeanguka.

Msomaji alikuwa mzee mwingine, mwenye sauti nzuri. Akasoma ya kwanza, amina. Akasoma ya pili, amina. Akaifikia sentensi ile, wakae kimya majumbani walipo, akaisoma vizuri, akaweka karatasi mezani.

Wakakaa. Wengi walikuwa wageni katika nyumba, na wale wa zamani walikuwa wameshasoma maelekezo. Wote wakamgeukia Bwana Clayton. Yeye alikuwa anaongea na mlinzi kwenye redio, anauliza kama barabara iko tayari. Mlinzi akajibu iko tayari. Bwana Clayton akainua mkono, na ndipo watu wakasimama. Enzi za Miss Verlene hakuna aliyeinua mkono.

Dada mmoja mpya wa jikoni, Mkongo, kazi anaiweza, alinipita na kiti cha mzee mbele yake. "Mama Espe, twende basi! Wametupatia ruhusa."

"Nendeni," nikamwambia.

Akasita. "Wewe unabaki?"

Labda nilikosea. Bwana Clayton alikuwa amehangaika mwaka mzima, alinitafuta kwa macho pale mlangoni, na najua nilimuumiza. Nilimwonea huruma, na ninamwonea hadi leo. Lakini nilivuta kiti kilichokuwa karibu, nikakaa, na nikabaki nimekaa mpaka waliporudi wote.